Karatasi ya Jumamosi Ile

Nuasahi,
Saradhapali,
Odisha.

11 Januari 2025

Mpendwa mpwa wangu Lopamudra,

Aliyeliandika jina la mama yako katika orodha ya uhamisho ni mimi. Nimelitanguliza hilo mbele ya salamu kwa sababu najijua: nikianza kusalimu, nitasalimu mpaka karatasi iishe. Nimelificha kwa miaka kumi na minane na nusu. Mama yako hakulijua, na baba yako alikufa bila kulijua.

Sasa pokea salamu zangu. Natumaini wewe, mumeo na mtoto hamjambo huko Adelaide, na kwamba hilo joto lenu, ambalo nasikia huja wakati sisi tunatetemeka, haliwatesi. Je, kifua cha mtoto kimepoa? Mara ya mwisho uliandika kwamba anakohoa. Huku ni baridi tu. Majirani wanapika mikate ya mchele ya sikukuu na harufu ya sukari guru inanifikia hadi kitandani, lakini mimi simezi zaidi ya vijiko viwili vya uji.

Ukitaka kujua hali yangu, ini limekwisha. Daktari hakusema hivyo. Alimwambia Sabitri, mama anayetupikia, anipe chochote ninachokitamani. Nimekaa ofisini miaka thelathini na saba na najua faili linavyofungwa. Mguu umevimba, mkono bado unaandika.

Mama yako ana mwili mzima kuliko wangu, ila akili inamtoka. Tangu mke wangu Kuntala afariki naishi naye humu ndani ya nyumba yenu. Mwanzo alinihudumia yeye, na sasa Sabitri anatuhudumia sote wawili. Siku nyingine dada yangu Snehalata ananiita Kaka, siku nyingine ananiita Baba na kuniuliza kama ng'ombe wamerudi. Jina lako hulikumbuka siku moja, kisha hulipoteza kwa siku tatu. Kitu kimoja tu hajakisahau. Kila anapoingia au kutoka, huupapasa ubao wa mlango kwa kiganja, kuanzia juu mpaka chini, kisha huinama na kutazama kizingiti. Mgeni akimwona hudhani anasali. Wewe unajua anatafuta nini.

Nakuandikia ili uyapate yote kutoka kwangu. Wakati ule ulikuwa na miaka kumi na saba na mengi uliyaona, lakini uliyaona ukiwa nyumbani. Mimi nilikuwa ofisini, kwenye meza ya karani mkuu wa elimu wa wilaya, na kila uhamisho wa mwalimu ulipita mkononi mwangu.

Juni ya mwaka 2006, wiki ya kuelekea sikukuu ya magari ya miungu, kijikaratasi kilitoka kwa mbunge wa upande wetu. Mke wa mtu wake mmoja alitaka kufundisha katika shule ya wasichana ya hapa mjini. Ili nafasi ipatikane, mwalimu mmoja wa lugha ilibidi apelekwe Dumerguda, kule milimani, ambako basi ni moja kwa siku na mvua zikianza mto unakata njia. Walimu wa lugha katika shule ile walikuwa wawili: mama yako, na Kuntala, wifi yake. Afisa wa elimu, mkubwa wangu, aliniambia nimpelekee faili lenye jina moja, asubuhi ya kesho yake.

Sikulala na dhamira mbaya, Lopa. Nilifikiri kikarani. Kuntala hakuwa na mgonjwa, wala mtoto mdogo, wala sababu yoyote ya kubaki mjini isipokuwa kwamba alipazoea. Angekwenda mahakamani, jaji angemwambia kwamba uhamisho ni sehemu ya utumishi, panda basi. Lakini mama yako alikuwa na baba yako. Kila Jumanne na Jumamosi shemeji Jadumani alipelekwa mji mkubwa, safari ya saa mbili kwenda na saa mbili kurudi, damu yake ikasafishwe kwa mashine. Kesi za namna hiyo nilikwisha kuziona zaidi ya kumi, na nyingi zilirudi na zuio la mahakama. Nikajiambia: nikimwandika Kuntala, ataondoka kweli. Nikimwandika Snehalata, mahakama itamrudisha, na wote wawili watabaki. Mwandike mwenye kesi nzuri. Nililiona hilo kuwa akili, na usiku ule nilikula nikashiba.

Barua ya uhamisho ilipomfikia, mama yako alikuja ofisini na chaki bado vidoleni. Aliniuliza ni nani aliyemfanyia hivi. Nikamwambia mambo yametoka juu. Nikamwambia asilie, nitamwandikia maelezo ya kesi mwenyewe, na kweli niliyaandika, kurasa sita, vyeti vyote vya hospitali nyuma yake. Alizisoma, akafuta macho na kunitania kama tulipokuwa watoto.

"Kaka, wewe na hizi sheria mlizaliwa tumbo moja. Mimi waliniokota tu."

Jumapili tulipanda treni kwenda Cuttack, mimi na yeye. Wakili tuliyempata alikuwa mzee mwenye kikohozi, mdomo mwekundu kwa tambuu. Alipekua karatasi zetu, akacheka na kusema kwamba kesi hii hata akisinzia itashinda yenyewe. Mama yako alinikanyaga mguu chini ya meza kwa furaha.

Jumatatu tarehe 3 Julai tulisikilizwa kwa dakika zisizozidi tano. Jaji aliuliza swali moja tu, la ugonjwa wa baba yako, akaamuru kwamba ikiwa mwalimu huyu hajaondolewa kituoni hadi siku hiyo, asiondolewe mpaka kesi isikilizwe yote. Nje ya chumba wakili alimpongeza mama yako, akamwuliza mara mbili: "Mama, una hakika hujapewa barua ya kuondolewa?" Mama yako akasema hajapewa. Ijumaa alikuwa darasani, Jumamosi alikuwa hospitali na mumewe kwa ruhusa. Hakupewa barua na mtu yeyote.

Swali lile ndilo lililobeba kila kitu. Unajua utaratibu wetu. Mtumishi aliyehamishwa hahesabiwi kuwa ameondoka mpaka akabidhiwe barua ya kuondolewa kituoni. Asipopatikana, barua hubandikwa kwenye mlango wa nyumba yake mbele ya mashahidi wawili, na tangu hapo ameondoka, hata kama amelala ndani kitandani kwake. Zuio la mahakama haliwezi kumzuia mtu aliyekwisha kuondoka.

Tulirudi Jumatano asubuhi na nakala ya amri. Jioni yake mkaambiwa na ofisi kwamba barua ilibandikwa mlangoni kwenu tangu Jumamosi tarehe 1 Julai, mchana, wakati ninyi watatu mko hospitali. Na kwa kuwa alasiri ya siku ile ilinyesha mvua kubwa, iliyokumbukwa na kila mtu, mkaelewa wenyewe karatasi ilikokwenda. Hati ya kiapo ya ofisi ikaeleza hivyo hivyo. Septemba mahakama ikaifunga kesi: mwalimu alikwisha kuondolewa kituoni kabla ya amri, na aende akaripoti.

Mama yako alikaa miezi ile bila mshahara akikataa kwenda. Baada ya sikukuu ya Durga akafunga mzigo. Ulimwona akifunga. Hukuona alivyokuja kwangu kabla ya kupanda basi na kuniambia nisimlaumu mtu, kosa ni lake, angemwomba jirani atazame mlango Jumamosi ile yasingetokea haya. Alisema hata alama ya gundi ya unga ameiona juu ya ubao. Alinishika mkono, akanipeleka hadi mlangoni kwenu na kunionyesha. Nikatazama ubao mtupu, nikasema ndiyo, naiona.

Aliacha kazi ya hospitali mikononi mwako. Mara mbili kila wiki ulikwenda na baba yako kwa basi, vitabu vimefungwa kwa kitambaa, ukisomea kwenye benchi la wagonjwa. Mshahara wa mama yako ndio uliolipia mashine, kwa hiyo hakuweza kuacha kazi. Ruhusa alizimaliza mapema, kwa hiyo hakuweza kuja. Machi ukawa na mtihani Jumanne. Baba yako alikwambia atakwenda peke yake, wewe nenda ukafanye mtihani wako. Hakwenda. Aliona kukosa mara moja hakutamdhuru, na Jumamosi ulipokuwa unamsaidia kuvaa viatu akaegemea ukuta na hakuzungumza tena. Mama yako alifika siku ya pili, matope hadi magotini, tukiwa tumekwisha kuuchoma mwili.

Nilikuwepo siku ya kumi ya msiba, uani, mliposemezana. Hukupaza sauti. Ulimwambia, "Ulichagua daftari la mahudhurio." Mama yako alikunja na kukunjua ncha ya sari yake nyeupe, kisha akakuuliza jambo lililokuwa likimla tangu Julai: "Jioni ile uliyefungua mlango kwanza ni wewe. Hukuona karatasi, mwanangu?"

Ukaingia ndani. Tangu siku ile, kwa ninavyojua mimi, hamjazungumza zaidi ya kuulizana habari za afya.

Na mwaka 2011 nilikusindikiza uwanja wa ndege Bhubaneswar. Pale kwenye viti ulinieleza kitu ambacho hukumwambia mama yako. Ulisema jioni ile ya Jumamosi ulipofungua mlango, umemshika baba yako kwa mkono mmoja, giza na mvua, ulikanyaga kitu laini kilicholowa kizingitini. Ulikisukuma kwa kandambili mpaka mtaroni bila kukitazama. Ulisema huna hakika kilikuwa nini, lakini kila ukilala unakiona kina muhuri. Ulisema, "Mjomba, ningeinama tu." Ulisema hutarudi, kwa sababu ukirudi atakuuliza tena, na safari hii utamjibu.

Nikakwambia ukague kama pasipoti iko kwenye mkoba. Hayo ndiyo niliyokujibu, na kila siku tangu hapo nimeyasikia masikioni mwangu.

Sikuombi msamaha. Nisingejua pa kuuweka. Ninaloomba ni moja. Nikifa, mama yako hatakuwa na mtu humu ndani isipokuwa Sabitri, naye ana watoto wake. Njoo umchukue, au njoo ukae naye kwa siku atakazokujua. Hatakuuliza tena lile swali, na hata akikuuliza, hutakuwa na la kuogopa ukishaimaliza barua hii.

Nisalimie mumeo Ashutosh, na umbusu mtoto ambaye sitamwona. Sabitri anakusalimu na anasema bado anakuwekea achari ya maembe kila mwaka, na kila mwaka tunaila sisi. Mama yako pia angekusalimu, ila leo ni mojawapo ya zile siku tatu. Mungu Jagannath akulinde wewe na kizazi chako, na akujalie uzee usio na kitu cha kuficha.

Wako akupendaye na asiyestahili kukuita mpwa,

Mjomba Gadadhar Kanungo

Sabitri alikuja kuichukua barua aipeleke posta. Nimemrudisha. Nimeisoma tena na kuona kwamba nimefanya kile nilichokifanya maisha yangu yote: nimeandika mambo ya kweli, nikayapanga vizuri, na nikaacha mstari mmoja mtupu.

Mstari huo nitakueleza maana yake. Ofisini kila barua inayotoka huandikwa namba na tarehe katika daftari la barua zitokazo. Karani mkuu aliyenitangulia, siku ananiachia kiti, alinifundisha kwamba kila Jumamosi, kabla ya kufunga daftari, niruke mstari mmoja. Huwezi kujua mkubwa atakumbuka nini Jumatatu, alisema. Nilifanya hivyo kila wiki kwa miaka kumi na moja. Wengi wanafanya. Sikuona ni dhambi, niliona ni uangalifu.

Jumatano tarehe 5 Julai mama yako alitoka kituo cha treni moja kwa moja mpaka ofisini. Hakuipeleka amri ya mahakama kwenye dirisha la kupokelea barua, ambako angepewa stakabadhi yenye saa. Aliniletea mimi. Alisema anakimbia kumtazama shemeji Jadumani, nimshughulikie. Nikamwambia nenda nyumbani ukalale, limekwisha. Aliniachia na pakiti ya peremende ulizonunuliwa wewe Cuttack, kisha akarudi kutoka mlangoni kuichukua, akicheka, kwamba alikuwa anakupunja.

Niliipeleka amri kwa Afisa. Aliisoma hadi mwisho akiwa amesimama. Hakunikaripia, na nakuomba ulisome hili vizuri, kwa maana kwa miaka yote nimejiambia kwamba nilishurutishwa. Alinirudishia karatasi na kusema, "Basi, Kanungo, mahakama imesema. Dada yako abaki. Lakini nafasi ya mbunge iko palepale, na jina lililobaki ni la mkeo. Niletee barua yake ya uhamisho kabla ya saa kumi. Au kama una njia nyingine, mimi sina ndugu katika shule ile."

Alitoka kwenda kula. Sikuambiwa nifanye nini.

Kuntala angekwenda Dumerguda. Angelalamika, angeumwa mgongo, angenuna nami miaka miwili mpaka nistaafu nimfuate. Hakuna mtu ambaye angekufa. Nilijua hivyo nikiwa nimekaa pale, si jambo nililolifahamu baadaye. Nilijua pia baba yako amebakiza nini, maana vyeti nilivinakili kwa mkono wangu. Nikafikiria chakula cha jioni ile, na uso wa Kuntala nikimwambia. Nikafungua daftari kwenye Jumamosi, penye mstari mtupu.

Niliijaza barua ya kuondolewa kituoni kwa kalamu ileile ya siku zote. Niliwaita tarishi na mlinzi wa lango, wote wawili sasa wamekufa, nikawaambia watie sahihi kwamba walishuhudia. Tarishi aliuliza, "Tumeshuhudia nini, Bwana?" Nikamjibu mvua. Alicheka, akatia sahihi, akafuta kidole kwenye shati. Afisa aliporudi alikuta faili mezani, akasaini bila kuketi.

Mwezi uliopita nilimwambia mama yako. Nilichagua siku aliyoniita Kaka. Nilimweleza taratibu, yote, kama ninavyokueleza. Alinisikiliza mpaka mwisho, mikono mapajani. Kisha akainuka polepole, akaenda mlangoni, akaupapasa ubao kuanzia juu mpaka chini, na akainama kutazama kizingiti. Nimechelewa kwake. Kwa hiyo umebaki wewe tu.

Ulichokikanyaga jioni ile, Lopa, kilikuwa jani, au tambara, au chochote ambacho mvua huleta. Barua ile iliandikwa siku nne baadaye, haikutoka kwenye faili langu, na gundi haikukorogwa. Kwenye mlango wenu hapakubandikwa karatasi yoyote.